Maji Yakirudi, Je, Kinamasi Hurudi? Wasomaji Wauliza Kuhusu Vita, Mafuta na Ardhi Oevu

Barua nyingi za mwezi huu zinahusu Ahwar, yaani vinamasi vya kusini mwa Iraki ambako mito Frati na Tigri hukutana kabla ya kuingia Ghuba, na ambavyo serikali ya Saddam Hussein ilivikausha mwanzoni mwa miaka ya 1990. Tumechagua maswali yanayofaa wengi, na mengine mawili matatu ambayo hayahusu Iraki lakini tatizo lake ni lile lile.

SWALI: Ndugu wahariri, nimesikia kwamba kinamasi cha maelfu ya kilomita za mraba kilikaushwa ndani ya miaka michache tu. Huku kwetu kukausha jaruba moja la mpunga ni kazi ya wiki. Waliwezaje? – *Mkulima, Ifakara*

JIBU: Hawakuyachota maji. Waliyazuia yasiingie, jua likamalizia. Kusini mwa Iraki mvua ya mwaka mzima haifiki milimita 200, na joto hunyonya zaidi ya mita 2 za maji kwa mwaka pale uso wa maji ulipo wazi. Kinamasi chenye kina cha mita moja na nusu katika nchi kama hiyo huishi kwa riziki ya mto ya kila siku. Mto ukikatwa, majira mawili ya joto yanatosha.

Kazi yenyewe ilianzia kaskazini. Mto Tigri ukishapita mji wa Amara hugawanyika vijito vilivyokuwa vikimwaga maji moja kwa moja kwenye matete. Vijito hivyo vilijengewa matuta ya udongo kandokando na kuwekewa milango ya maji, kisha maji yake yakakusanywa kwenye mfereji mmoja uliokatiza mbele ya kinamasi na kuteremka kusini hadi Frati, karibu na Qurna. Huo ndio Nahr al-Izz, wenye urefu wa takriban kilomita 50 na upana wa karibu kilomita 2 kutoka tuta hadi tuta. Upande wa magharibi Frati ulizibwa mashariki ya Nasiriya, maji yakaelekezwa kwenye mifereji inayokwenda baharini bila kugusa kinamasi cha Hammar. Mmoja wa mifereji hiyo ulipewa jina la Umm al-Ma'arik, Mama wa Mapigano, na jina hilo linasema mengi kuhusu waliouchimba. Mwisho yakaja matuta ya ndani, yaliyokigawa kinamasi vipandevipande. Maji yaliyobaki hayakuweza tena kutoka penye kina kwenda pasipo na kina, kwa hiyo kila kipande kilikauka peke yake. Matete yalipokauka yakachomwa moto, na vijiji pia.

Angalia mpangilio. Mtu akigawa ndani kabla hajafunga mto, mafuriko ya Machi hadi Mei, wakati theluji ya milima ya Uturuki inapoyeyuka, yatayabomoa matuta yake yote. Na mafuriko yenyewe yalikuwa yameshapungua nguvu. Bwawa la Atatürk huko Uturuki lina uwezo wa kuhifadhi mita za ujazo bilioni 48.7, ilhali Frati kwa kawaida ulipitisha takriban bilioni 30 kwa mwaka mzima. Bwawa hilo lilipoanza kujazwa, Januari 1990, mto ulizuiwa kwa karibu mwezi mmoja. Waliochimba mifereji ya Iraki miaka miwili baadaye walikuta nusu ya kazi imeshafanyika juu ya mto.

Shirika la Mazingira la Umoja wa Mataifa, UNEP, lililinganisha picha za satelaiti za 1973 hadi 1976 na za mwaka 2000. Vinamasi vya Kati, vilivyo baina ya mito miwili, vilikuwa na kilomita za mraba 3,121, zikabaki 98. Hammar, kusini ya Frati, ilitoka 2,729 hadi 174. Hawizeh, mashariki ya Tigri, ilitoka 3,076 hadi 1,025, na iliponea kwa sababu sehemu yake iko ng'ambo ya mpaka wa Iran na ililishwa na mto Karkheh. Iran nayo ilimaliza bwawa lake juu ya Karkheh mwaka 2001, hivyo hata mlango huo ukabanwa.

SWALI: Assalaam alaykum. Huku tunasikia hoja mbili. Wengine wanasema ulikuwa mradi wa kilimo, wengine wanasema ilikuwa vita dhidi ya wananchi. Ukweli uko wapi? Pia, je, ni kweli kwamba Wazanji waliwahi kupigana katika vinamasi hivyo hivyo? – *Msomaji, Maskati*

JIBU: Wa alaykum salaam. Tuanze na la mwisho. Ni kweli. Kuanzia mwaka 869 hadi 883 watumwa waliokuwa wakifanyishwa kazi katika nchi ya mifereji karibu na Basra waliasi chini ya Ali bin Muhammad, wakajenga mji wao, al-Mukhtara, na mwaka 871 wakaiteka Basra. Zanj ni jina ambalo waandishi wa Kiarabu waliwapa watu wa pwani yetu, ingawa wanahistoria bado wanabishana ni wangapi kati ya waasi walitoka huku hasa. Kazi yao inahusiana moja kwa moja na mada hii: walikuwa wakikwangua tabaka la juu la udongo wenye chumvi ili ardhi ya chini ilimike. Na uasi ulidumu miaka 14 kwa sababu askari wa khalifa hawakuweza kutumia farasi wala kujipanga katika matete na vijito.

Sababu hiyo hiyo ilijirudia. Machi 1991, baada ya Iraki kushindwa Kuwait, miji ya kusini iliasi. Uasi ulipozimwa, waasi na waliotoroka jeshi walijificha katika vinamasi, mahali ambapo kifaru hakipiti.

Hoja ya kilimo ina ukweli wa nusu. Mfereji mkubwa unaoitwa Mto wa Tatu ulipendekezwa mwaka 1951, ukaanza kuchimbwa 1953, na ulikusudiwa kuondoa maji ya chumvi yanayochuja kutoka mashamba ya umwagiliaji baina ya mito miwili. Hitaji hilo lilikuwa la kweli na lipo hadi leo. Kazi ilisuasua kwa karibu miaka 40, kisha ikakamilishwa kwa haraka Desemba 1992, kilomita 565. Lakini Nahr al-Izz haukuondoa chumvi ya shamba lolote. Ulipokonya maji matamu ya Tigri na kuyapitisha kando ya kinamasi. Anayetaka kulima hajengi matuta, akachoma vijiji na kuiacha sehemu kubwa ya ardhi igeuke jangwa la chumvi. Max van der Stoel, aliyekuwa mchunguzi maalumu wa Umoja wa Mataifa wa haki za binadamu Iraki, aliripoti hivyo hivyo miaka ile. Wakazi waliokadiriwa kuwa robo milioni au zaidi walibaki makumi ya maelfu tu ndani ya vinamasi, na makumi ya maelfu wengine wakawa wakimbizi Iran.

SWALI: Wahariri, hapa kwetu visima vya mafuta vinachimbwa karibu na Ziwa Albert. Je, huko Iraki mafuta yenyewe yaliharibu nini, tukiacha Saddam? – *Mwalimu, Hoima*

JIBU: Mengi, na yalianza kabla yake. Chini ya vinamasi vya Iraki kuna baadhi ya maeneo ya mafuta makubwa kuliko yote duniani: Majnoon upande wa Hawizeh, Qurna Magharibi na Rumaila upande wa Hammar. Mtambo wa kuchimbia mafuta ni mzito na hausimami juu ya tope. Kwa hiyo hatua ya kwanza ya kila kisima kilichomo kinamasini ni tuta na barabara ya kifusi. Majnoon palijengwa visiwa vya udongo namna hiyo.

Vita vya Iraki na Iran, 1980 hadi 1988, vilivikuta visiwa hivyo tayari. Iran ilivitwaa Februari 1984 kwa mashua, Iraki ikajibu kwa silaha za kemikali, na wataalamu wa Umoja wa Mataifa wakathibitisha Machi mwaka huo kwamba gesi ya haradali na tabun, sumu ya kuua neva, zilitumika. Pande zote mbili zikajenga barabara za jeshi juu ya matuta kukatiza matete. Matuta hayo yalibaki, pamoja na mabomu ya ardhini, na yalikata mtiririko miaka kadhaa kabla ya 1991. Hadi leo mtu hawezi kupeleka mtambo wa kuondoa tuta la zamani pale kabla eneo halijasafishwa mabomu, na kazi hiyo huenda mita kwa mita.

Katika uzalishaji wa kawaida, angalia mambo matatu.

Kwanza, barabara. Tuta la barabara lisilo na makalavati ya kutosha ni bwawa. Dalili yake utaiona kwa macho: maji ya upande mmoja yako juu ya yale ya upande wa pili kwa shibiri au zaidi, na matete ni ya kijani huku, ya kahawia kule. Kalavati likiwekwa juu mno, maji hupita wakati wa mafuriko tu. Sakafu yake lazima iwe chini ya kiwango cha maji ya kiangazi.

Pili, maji ya kusukumia mafuta. Visima vya kusini mwa Iraki huhitaji zaidi ya pipa moja la maji yaingizwe ardhini kwa kila pipa la mafuta linalotoka, na sehemu ya maji hayo imekuwa ikitoka mitoni na kwenye mifereji katika nchi yenye kiu. Uliza mradi wowote wa kwenu: maji ya kusukumia yanatoka wapi, na mangapi kwa siku?

Tatu, maji yanayotoka pamoja na mafuta. Huko Iraki yanaweza kuwa na zaidi ya gramu 200 za chumvi kwa lita. Bahari ina takriban 35. Shimo la kuyahifadhi likivuja au likifurika msimu wa mvua, mmea wa maji baridi hautastahimili. Moshi wa gesi inayochomwa visimani ndio unaopigwa picha zaidi, lakini kwa kinamasi chenyewe shimo hilo ndilo la kuogopa.

SWALI: Nimesoma kwamba mwaka 2003 wananchi walibomoa matuta wenyewe na maji yakarudi. Sasa kwa nini hadi leo wafugaji wa nyati wanahama? Kinamasi kimerudi au hakijarudi? – *Mwanafunzi wa mazingira, Morogoro*

JIBU: Maji yalirudi. Kinamasi kimerudi mahali maji yanapopita, na kimekataa mahali maji yanapokaa.

Serikali ilipoanguka Aprili 2003, watu walichukua majembe na mitambo wakakata matuta. Ndani ya miaka michache sehemu kubwa ya eneo la zamani, kwa vipimo vingine karibu nusu au zaidi, ilikuwa na maji tena. Matete, ambayo mizizi yake huweza kulala ardhini kwa muda mrefu, yaliota kwa kasi iliyowashangaza hata wataalamu. Abu Zirig, karibu na Nasiriya, palikuwa miongoni mwa mahali palipopona mapema. Mhandisi Azzam Alwash na taasisi ya Nature Iraq walikuwa miongoni mwa waliosukuma kazi hiyo. Yeye alipewa tuzo ya mazingira ya Goldman mwaka 2013. Mwaka 2016 UNESCO iliingiza Ahwar katika Urithi wa Dunia, pamoja na magofu ya Uruk, Uru na Eridu.

Tatizo ni hesabu ya chumvi, na hesabu hii inafaa popote palipo na jua kali. Chukua dimbwi lenye kina cha mita 1, maji yake yana gramu 1 ya chumvi kwa lita, halina pa kutokea. Kwa mwaka jua linachukua mita 2 za maji. Ili kina kisipungue lazima uongeze mita 2, nazo zinakuja na gramu 1 kwa lita. Jua huchukua maji, chumvi huiacha, kama sufuria ya maji ya bahari jikoni. Mwaka wa kwanza ukiisha una gramu 3 kwa lita, wa pili 5, wa tatu 7. Hukukosea kitu, umejaza maji kila mwaka, na bado umetengeneza ziwa la chumvi.

Sasa fungua njia ya kutokea. Ingiza mita 4, jua lichukue 2, na 2 zitoke. Chumvi inayoingia ni kilo 4 kwa kila mita ya mraba ya dimbwi, na yote sharti itoke katika zile mita 2. Kwa hiyo itapanda hadi gramu 2 kwa lita na kusimama hapo, miaka yote. Ndiyo maana mhandisi anayejua kazi yake huuliza lango la kutokea liko wapi kabla ya kuuliza lango la kuingilia. Waliobomoa tuta upande wa mto peke yake, bila kukata la upande wa chini, walipata samaki msimu mmoja au miwili, kisha wakapata chumvi.

Ongeza udongo wenyewe. Kinamasi kikikauka, chumvi ya chini hupanda na maji yanayovukiza na kuganda juu kuwa ukoko mweupe. Mboji iliyokusanyika kwa karne nyingi huoza au huungua, ardhi ikazama. Salfa iliyokuwa imetulia ndani ya tope lisilo na hewa hukutana na hewa na kutoa asidi. Maji ya kwanza yanayorudi huyeyusha vyote hivyo. Yafaa yaachwe yapite yaende zake, hata mara mbili, kabla ya kuyazuia yakae. Wengi hawakuwa na subira hiyo wala maji ya kutosha kuyapoteza.

Mwaka 2010 lilianza kujengwa tuta la udongo kuvuka Frati karibu na Chibayish, ili kina kipande na maji yaingie Vinamasi vya Kati kupitia matundu ya kingo. Lilifanya kazi, na vinamasi hivyo vilijaa. Ila tuta hilo ni dawa ya homa: maji ya Frati yanafika pale yakiwa yameshapita mashamba mengi na kubeba chumvi yao, na ukiyazuia unaizuia nayo. Kilichokuwa kikiisukuma chumvi hiyo hadi baharini ni mafuriko ya Machi hadi Mei, ambayo sasa yamelala nyuma ya mabwawa ya Uturuki, Siria, Iran na ya Iraki yenyewe.

Kwa mfugaji, mpaka uko hapa. Miongozo ya mifugo husema maji yenye chini ya gramu 3 kwa lita ni mazuri, kati ya 5 na 7 ni ya kutumia kwa tahadhari, na zaidi ya 10 hayafai kabisa. Nyati wa Ahwar hukaa majini mchana kutwa na kuyanywa hayo hayo. Maziwa hupungua kwanza, kisha ndama hufa, kisha mwenye nyati hufungasha. Chini zaidi, Basra, majira ya joto ya 2018 maji ya bomba yaliharibika kwa chumvi na uchafu hata watu zaidi ya 100,000 wakafikishwa hospitali.

SWALI: Je, sisi wa Afrika Mashariki tunapoteza chochote, au ni huruma tu? – *Msomaji, Voi*

JIBU: Kwa bahati nzuri umeuliza ukiwa Voi. Kuna ndege mdogo wa rangi ya udongo, shoro wa matete wa Basra wangemwita wengine, jina lake la kitaalamu *Acrocephalus griseldis*. Huzaliana zaidi katika matete ya Iraki na hukaa miezi ya baridi ya kaskazini huku kwetu, kuanzia Kenya hadi Msumbiji, kwenye vichaka vya kando ya maji. Ngulia, ndani ya Tsavo Magharibi, watafiti huwakamata kwa nyavu na kuwavisha pete ndege wahamao usiku wa ukungu usio na mbalamwezi, Novemba na Desemba, na yeye yumo. Amewekwa katika orodha ya ndege walio hatarini kutoweka. Hakuna anachoweza kufanyiwa Tsavo kitakachofidia matete ya kuzalia, na kinyume chake ni kweli pia: tukikausha vinamasi vya Delta ya Tana, tete la Iraki halitamsaidia.

SWALI: Sisi tuko kwenye kikundi cha kupanda mikoko. Tumesikia Vietnam walirudisha msitu ulionyunyiziwa sumu na ndege za kivita. Walifanyaje, na kwa nini miche yetu mingi inakufa? – *Kikundi cha kina mama, Lamu*

JIBU: Kina mama, hongereni kwa kazi. Kati ya 1961 na 1971 jeshi la Marekani lilinyunyiza Vietnam zaidi ya lita milioni 70 za dawa za kuua mimea, nyingi zikiwa Agent Orange. Takriban asilimia 36 ya mikoko ya kusini iliangamia. Miti mingine ya msitu ilipukutisha majani ikachipua tena, bali mkoko hufa kwa kunyunyiziwa mara moja tu, kwa kuwa matawi yake yaliyokomaa hayana macho ya kuchipua upya. Ndiyo maana hata mkata boriti anajua kwamba mkoko ukikatwa kichwa haurudi, tofauti na mchu.

Msitu wa Rung Sat, karibu na Saigon, uliachwa tope tupu. Haukujirudisha kwa sababu miti mama ilikufa yote, na mbegu zinazoelea hazikufika ndani. Kuanzia 1978 mbegu za *Rhizophora apiculata*, nduguye mkoko wetu, zililetwa kutoka Ca Mau kusini kabisa, zikapandwa kwa mkono na maelfu ya watu mwaka hadi mwaka. Sasa ni msitu wa Can Gio, na UNESCO iliutambua mwaka 2000. Walichokosa ni mchanganyiko: aina moja, umri mmoja, miti imesongamana, ikabidi baadaye ipunguzwe ili ipate kunenepa.

Kuhusu miche yenu, shukuni kwanza mahali kabla ya mche. Mkoko haukai eneo linalofunikwa na maji ya chumvi zaidi ya theluthi ya muda, yaani saa 8 kwa siku. Miradi mingi hupanda kwenye tope wazi la chini kwa sababu halina mwenyewe na hakuna atakayelalamika. Miche husimama miezi sita, vikombe vya baharini, viumbe vidogo vyenye magamba, vikaishika shina, ikalemewa ikalala. Simikeni mti wenye alama, mkae nao mzunguko mmoja wa bamvua na maji mafu, mhesabu saa.

Pili, tazameni kama maji yanaingia na kutoka. Panapokuwa na tuta la chumvi, la barabara au bwawa la kamba lililoachwa, kateni tuta kwanza. Mara nyingi mkikata, mkoko wa jirani huleta mbegu zake bure na hamhitaji kupanda.

Mkipanda, chagueni mbegu iliyokomaa: ina shingo ya njano pale inapoungana na tunda, na tunda huachia kwa kuguswa. Msizipande zenye tundu la mdudu. Zihifadhini kivulini zikiwa na unyevu, zisizidi wiki. Chomekeni theluthi moja ardhini, ncha iliyochongoka chini. Kwa nafasi ya mita 1 kwa 1 mtahitaji mbegu 10,000 kwa hekta. Kwa mita 2 kwa 2, mbegu 2,500, na palipo na mawimbi madogo hiyo inatosha. Kaa wakizila zote, ziacheni siku chache kivulini zisinyae kidogo; hupoteza ladha.

Kama tope lina mafuta, msipande bado. Huko Ogoni, Delta ya Niger, UNEP iliripoti mwaka 2011 kwamba mahali pengi mafuta yalikuwa yameshuka mita 5 au zaidi ardhini, na kwamba kurejesha mazingira kungechukua miaka 25 hadi 30. Chimbeni shimo la nusu mita wakati maji yamekupwa na mngoje. Ukijitokeza utando unaong'aa rangi rangi na mkiuvunja kwa kijiti ukaungana tena, ni mafuta. Ukivunjika vipande na kubaki hivyo, ni bakteria wa kawaida wa tope.

SWALI: Vita viliwahi kurudisha ardhi oevu hata siku moja? – *Msomaji, Toronto*

JIBU: Ndiyo. Februari 2022 Waukraini walilibomoa bwawa la mto Irpin ili kuwazuia Warusi wasifike Kyiv, na bonde lililokuwa limekaushwa enzi za Kisovieti likajaa maji. Tarehe 6 Juni 2023 bwawa la Kakhovka lilibomoka, watu wakafa mafurikoni, na ziwa la kilomita za mraba zipatazo 2,155 likakauka. Kwenye sakafu yake, ambapo kabla ya miaka ya 1950 palikuwa na mbuga za mafuriko, misitu ya mierebi ilichipua yenyewe kwa wingi. Ila hakuna mtu mwenye akili zake atakayeita hiyo njia ya uhifadhi; sumu za viwandani zilizokuwa zimezama topeni kwa miaka karibu 70 sasa ziko wazi.

SWALI: Jirani wa juu amechimba mtaro kupitia kinamasi chetu. Anasema hauchukui maji mengi. Nitajuaje, na ukizibwa unazibwaje? – *Msomaji, Bukoba*

JIBU: Nunua bomba la plastiki la inchi 2, likate vipande vitatu vya mita 1.5. Toboa matundu sehemu ya chini yote, ifunike kwa kitambaa, kisha zika kila kipande mita 1.2 kwenda chini: cha kwanza mita 5 kutoka mtaroni, cha pili mita 20, cha tatu mita 50. Midomo yote mitatu ipimwe kwa mpira wa maji wa mafundi ujenzi ili ujue imepishana kiasi gani. Kila wiki, saa ile ile, teremsha kijiti mpaka kiguse maji na uandike. Kama wakati wa kiangazi maji ya bomba la mita 5 yako chini sana kuliko ya mita 50, mtaro unanyonya, na umbali ambapo tofauti inaishia ndio upana wa hasara yako.

Kuziba si kujenga ukuta mmoja mkubwa chini. Ukuta huo utavunjika mvua ya kwanza. Tofauti ya maji baina ya kizuizi na kizuizi isizidi sentimita 30. Mtaro wa mita 300 unaoshuka mita 1.5 unahitaji vizuizi vitano. Anza cha juu kabisa, ushuke navyo. Ukianzia chini, kizuizi kibichi kitapokea maji yote ya mtaro. Piga safu mbili za nguzo, jaza katikati udongo wa mfinyanzi au mboji yenye maji, uushindilie kila sentimita 20. Mchanga usiutumie, hupitisha maji. Viroba vya plastiki huchanika kwa jua, kwa hiyo vifunikwe udongo na kupandwa majani.

Kizuizi lazima kiingie kingoni angalau nusu mita kila upande, na chini kifikie udongo usiosumbuliwa. Sehemu nyingi hushindwa hapo hapo: maji hayavunji kizuizi, huzunguka ubavuni au huchimba chini yake. Katikati kiache chini kwa sentimita 10 kuliko pembeni ili maji ya ziada yapite juu, na upande wa chini weka mawe yapokee maporomoko.

Kabla ya yote hayo nenda ofisi ya bonde la maji na serikali ya kijiji ukiwa na daftari la vipimo vya miezi mitatu, maana kuziba mtaro wa mwenzako bila kibali ni kesi, hata kama wewe ndiye mwenye haki. Na kikishajengwa, kitembelee mvua ikiwa bado inanyesha. Ikikatika, njia ya maji ya ubavuni huwa haionekani tena.